Maswali na Majibu: Santuri, Rimasta na Muziki Uliobanwa

Swali: Kampuni imetoa rimasta rasmi, yaani albamu ya zamani iliyotengenezwa upya sauti yake. Kwa nini wapenda sauti wanang'ang'ania nakala za kidijitali zilizorekodiwa kutoka kwenye santuri?

Kwa sababu rimasta nyingi zimebanwa. Tangu miaka ya 1990 kampuni zinashindana nani atoe muziki wenye kelele zaidi. Fundi anapitisha wimbo kwenye limita, kifaa kinachozuia sauti isivuke kiwango fulani, vilele vya sauti vinakatwa, kisha kila kitu kinapandishwa juu. Ngoma haigongi tena kifuani, na anayenong'ona anasikika sawa na anayepaza sauti. Albamu mpya nazo hazikupona: Death Magnetic ya bendi ya Metallica, ya 2008, ilibanwa hadi sauti ikapasuka, na mashabiki wakaenda kuchukua nyimbo zilezile kwenye mchezo wa video wa Guitar Hero, ambako hazikubanwa vile.

Santuri ya toleo la kwanza ilikatwa kanda ya asili ikiwa bado changa, kabla ya mashindano hayo. Ukiirekodi vizuri unapata masta ile ya zamani, yaani rekodi ya mwisho inayotumika kutengenezea santuri au CD. Hicho ndicho kinachotafutwa.

Swali: Kwa hiyo santuri ni bora kuliko CD?

Hapana! Kila mara nalijibu hili na kila mara linarudi. CD ya biti 16 ina nafasi ya desibeli 96 hivi kati ya sauti ya chini kabisa na kilele. Santuri nzuri huishia kwenye 70 hivi. Kinachotofautiana ni masta. CD iliyotoka miaka ya 1980 mara nyingi inaishinda rimasta ya albamu hiyohiyo, na haina mikwaruzo. Itafute hiyo kwanza.

Swali: Nakala ya kidijitali iwe ya kilohezi 192 au 96 (idadi ya sampuli za sauti kwa sekunde, kwa maelfu)?

Kwa sikio lako, hakuna tofauti. Anayejigamba kwa namba bila kusema santuri ni toleo gani, ametumia sindano gani na kama aliiosha, achana na nakala yake.

Swali: Kipimo cha DR (umbali kati ya vilele na sauti ya kawaida ya wimbo) kinasoma 12 kwa santuri na 7 kwa CD. Si ushahidi huo?

Si lazima. Chukua masta moja iliyobanwa, ikate kwenye santuri, uirekodi tena: umbo la mawimbi hubadilika kidogo njiani, vilele vipya vinachomoza, na kipimo kinapanda ilhali hakuna kilichorudi. Sikiliza ngoma, usisome namba. Wala usidhani kila santuri mpya imetoka kwenye kanda. Mwaka 2022 ilibainika kwamba Mobile Fidelity, kampuni ya santuri iliyosifika kwa kazi ya analogi, yaani isiyopita kwenye kompyuta, walikuwa wakipitia hatua ya kidijitali kwenye santuri zao nyingi. Wajuzi walikuwa wamezisifu kwa miaka, na walizisifu kwa haki: masta zilikuwa nzuri.

Swali: Nikirekodi zangu nizingatie nini?

Osha santuri. Kagua sindano. Rekodi kwa biti 24, vilele vibaki desibeli 6 chini ya kikomo. Programu ya kufuta mikwaruzo itumie kwa mkono mwepesi sana, maana ikizidi inakula pigo la kwanza la ngoma. Na faili ghafi usilifute kamwe.