Kubadili jina la Mashaka na kujiandika kwa ukoo mwingine

SWALI: Assalaamu alaykum, Sheikh. Mimi ni mkazi wa Ngamiani, Tanga. Niliitwa Mashaka kwa sababu ndugu zangu walionitangulia walifariki wakiwa wachanga, na bibi akasema nikipewa jina baya mauti yatanipita. Sasa najiandaa kwenda Hija, na rafiki zangu wananishauri nibadili jina hilo, kisha niache jina la ukoo wetu wa Kibondei nijiandike Al-Shirazi, yaani wa asili ya Shiraz, Uajemi, ili nionekane Muislamu kamili. Je, inafaa? Na bibi, ambaye yu hai, akiendelea kuniita Mashaka?

JAWABU: Waalaykumu salaam warahmatullahi wabarakatuh. Ndugu yetu, umeuliza mambo mawili ambayo hukumu zake hazifanani, yaani jina lako mwenyewe na nasaba yako.

Kubadili jina lenye maana ya tabu ni sunna. Imepokewa katika Sahihi Muslim kwamba Mtume (s.a.w.) alimbadilisha jina mwanamke aliyeitwa Asiya, yaani mwenye kuasi, akamwita Jamila. Lakini si wajibu, kwani katika Sahihi Bukhari imo habari ya babu yake Said bin al-Musayyib, ambaye aliitwa Hazn, yaani ugumu, na Mtume alipotaka kumwita Sahl, yaani wepesi, alikataa kuacha jina alilopewa na baba yake, wala hakulazimishwa, ingawa mjukuu wake alisema baadaye kwamba ugumu haukuacha kuwaandama. Kwa hiyo ukibadili umefanya vizuri, na ukibaki nalo Hija yako haipungui kitu. Akika, yaani mchinjo wa mtoto aliyezaliwa, hairudiwi kwa sababu ya kubadili jina.

Lililo zito zaidi kuliko jina ni ile itikadi kwamba jina baya hufukuza mauti. Ajali, yaani muda wa kufa uliopangwa, imo mikononi mwa Mwenyezi Mungu peke yake, na bibi aelezwe hilo kwa upole, kwa kuwa aliyasema hayo akiwa na uchungu wa kuzika wajukuu.

Ama hoja ya rafiki zako kwamba Muislamu kamili hutambulikana kwa jina la Kiarabu, haina msingi. Umar, Hamza na Bilal walikuwa na majina hayo kabla ya kusilimu, na Mtume hakuyabadili, kwa sababu kinachotazamwa ni maana. Chausiku, Mosi na Tatu ni majina yasiyo na ubaya wowote, na nashangaa tunavyoyaonea haya.

Kuhusu Al-Shirazi, jibu ni hapana. Zayd bin Haritha alilelewa na Mtume mwenyewe hata watu wakamwita Zayd bin Muhammad, mpaka ikateremka aya ya 5 ya Suratul Ahzab inayoamrisha watu waitwe kwa baba zao, naye akarudishwa kwa Haritha. Ikiwa heshima ya kunasibishwa na Mtume iliondolewa kwa kuwa haikuwa nasaba ya kweli, basi ukoo wa Shiraz ambao hukuzaliwa nao una haki gani juu yako? Bukhari na Muslim wamepokea onyo kwamba anayejinasibisha na asiye baba yake, hali ya kuwa anajua, Pepo ni haramu kwake. Majina ya koo zetu kama Shemdoe, Semboja na Mhina, yanayosikika kuanzia Muheza hadi Lushoto, ndiyo yanayotujulisha nani ni ndugu, nani anamrithi nani na nani haolewi na nani.

Bibi akikuita Mashaka kwa mapenzi, nawe huchukii, hana dhambi. Wanazuoni wa hadithi walitajwa kwa lakabu kama al-A'raj, yaani kiguru, kwa ajili ya kutambulishwa tu.

Ukiamua kubadili jina, mwone wakili akuandalie hati, kisha uhakikishe kwamba kitambulisho cha NIDA na pasipoti vinasomeka sawasawa. Kama safari imekaribia, nenda kwa jina la Mashaka, na hayo ya karatasi uyashughulikie ukirudi.

Wallahu a'lam.