Mosquito, ndege ya mbao: ushauri wangu kuhusu gundi na viungo

Vijana ninaowafundisha useremala hapa Tanga wakidharau plaiwudi, huwasimulia habari za Mosquito, ndege ya Waingereza ya kudondosha mabomu iliyoruka mara ya kwanza Novemba 25, 1940. Ilikuwa ya mbao, ina injini mbili za Merlin, na mbio zake ziliwashinda wengi waliotumwa kuifukuza. Viwanda vya samani vya High Wycombe, mji wa Uingereza, vilivyozoea viti na makabati, viliingizwa kwenye kazi ya kuiunda.

Kiwiliwili chake kilikuwa plaiwudi ya mbetula (mti wa nchi za baridi) ndani na nje, katikati balsa, mti mwepesi kutoka Ecuador. Kiliundwa nusu mbili, kushoto na kulia, kama maganda ya karanga. Nyaya na mabomba vilifungwa nusu zikiwa wazi, ndipo zikagundishwa. Nawe fanya hivyo: reli za droo, vanishi ya ndani, tundu la waya, vyote vimalize kabla hujapiga mgongo wa kabati.

Ila ninalolisisitiza zaidi ni gundi. Mwanzoni walitumia kaseini, itokanayo na maziwa. Pakavu inashika vizuri. Kwenye joto na unyevu inalainika na kuota ukungu. Baadaye wakahamia gundi ya formaldehaidi, inayostahimili maji. Hata hivyo, mwaka 1944 Mosquito kadhaa zilivunjika angani huko India, watu wakafa. Ukaguzi ulikuta viungo vya mabawa ambavyo gundi haikushika sawasawa. Habari hiyo hunichoma kila ninapoisimulia, maana rubani hakuwa na namna ya kuona ndani ya bawa.

Pwani yetu nayo ina joto na unyevu. Kwa hiyo unganisha kwanza bila gundi, kisha kiinue kiungo kwenye mwanga. Mwanga ukipenya, rudi kwenye randa. Usizibe pengo kwa gundi na vumbi la mbao. Paka pande zote mbili, kaza klampu mpaka gundi itoke mstari mwembamba usiokatika. Ikitoka matone hapa na pale, kuna mahali mbao hazijagusana. Iache usiku kucha, hasa masika. Mbao mbichi usiigundishe kabisa, itasinyaa na kuachia.

Na kabla ya kazi ya mteja, gundisha vipande viwili vya mbao ileile, kesho yake vibandue kwa patasi. Ikichanika mbao yenyewe, endelea na kazi. Vikiachana kwenye mstari wa gundi, badilisha gundi au noa randa upya.