Kijana unayehariri filamu, mtazame Miroslav Hájek

Wadogo zangu mnaoanza kuhariri mnaniuliza sana: nifanyeje ili niwe na mtindo wangu? Swali hilo lilinisumbua miaka mingi, mpaka nilipokutana na kazi za Miroslav Hájek, mhariri wa filamu wa Kicheki.

Chukua miaka minne tu ya kazi yake. 1964 alihariri Démanty noci, yaani Almasi za Usiku, ya mwongozaji Jan Němec. 1965 ikaja Lásky jedné plavovlásky ya Miloš Forman. 1966, Sedmikrásky ya Věra Chytilová. 1967, Marketa Lazarová ya František Vláčil. Zitafute uzitazame. Utaapa zimehaririwa na watu wanne wasiojuana.

Anza na ya Němec. Vijana wawili wametoroka kwenye treni ya Wanazi, wanapanda mlima mbio, risasi zinalia nyuma yao. Picha haikatwi. Unawasikia wanavyohema mpaka na wewe pumzi zinakuishia. Baadaye mmoja wao anaingia jikoni kwa mwanamke wa shambani kutafuta mkate. Anamtazama. Ghafla mwanamke yuko sakafuni, kisha yuko wima, kisha yuko chini tena. Hajaguswa. Ni njaa na woga vinavyopita kichwani mwa kijana, na hakuna anayetueleza hivyo kwa maneno. Ni mkasi wa mhariri uliotuingiza humo.

Kwa Forman mkono wa Hájek huuoni kabisa. Askari wa akiba mwenye mke anavua pete ya ndoa ukumbini, inamponyoka, inabingirika sakafuni katikati ya miguu ya watu, naye anaifuata. Basi, unacheka tu. Kwa Chytilová mkono huohuo unajitokeza bila haya: wasichana wawili wanakatana kwa mikasi hadi picha yenyewe inakuwa vipande vipande.

Ushauri wangu ni huu: zima sauti, shika daftari, na kila picha inapokatwa andika ni nini kilichokuwa kimekwisha. Mtu kumaliza kutazama? Kumaliza kuelewa? Fanya hivyo kwa dakika kumi za kila filamu. Mimi ilinichukua wiki nzima, na sijawahi kujuta. Utaona jinsi Hájek alivyoisikiliza kila picha kabla ya kuigusa.

Nilipoanza kazi, nilipewa mahojiano ya bibi mmoja aliyefiwa na mwanawe. Kila akiulizwa alinyamaza kwanza, ndipo ajibu. Nikavikata vile vimya vyote, nikaona kazi imekuwa safi. Mwongozaji alitazama hadi mwisho, akaniambia, "Umemwondolea bibi uchungu wake." Usiku ule nikarudi kwenye kompyuta, nikakirejesha kimya kile kirefu kuliko vyote, sekunde 11, bibi akikunjakunja ncha ya khanga yake, akiikunjua, akiikunja tena.