Maswali na majibu: Kielelezo kimoja kinachoshika jina la spishi nzima

Wasomaji kadhaa wameuliza jinsi wanasayansi wanavyoamua kwamba jina fulani la kisayansi ni la spishi ipi hasa, pale maelezo ya zamani yanapoweza kufasiriwa kwa njia mbili au tatu. Maswali yanakaribiana, lakini kila moja lina kisa chake, kwa hiyo tunayajibu moja baada ya jingine.

Mwanafunzi wa kidato cha sita, Morogoro: Kwa nini spishi yenye viumbe wasiohesabika ishikwe na kielelezo kimoja tu? Je, huchaguliwa kilicho bora kuliko vyote?

Si lazima kiwe bora, na mara nyingi si bora. Kinaweza kuwa ndege ambaye hajakomaa, tawi lisilo na ua au kipande cha taya. Mtafiti anapoeleza spishi mpya huchagua mnyama au mmea mmoja kati ya aliowachunguza, akautangaza kuwa holotaipu, yaani kielelezo kinachoshika jina, kisha akauhifadhi mahali ambapo watafiti wengine wataweza kuufikia. Maandishi yake yanaweza kuwa na upungufu: huenda alichanganya spishi mbili bila kujua, au alitaja sifa ambazo baada ya miaka 100 zinaonekana kuwa za spishi tano. Hati ya shamba inaweza kusema kwamba mpaka unapita karibu na mwembe mkubwa, majirani wakabishana vizazi viwili, lakini bikoni iliyofukiwa ardhini humaliza ubishi. Holotaipu hufanya kazi ya bikoni hiyo.

Tofauti za umri, jinsia na mahali huchunguzwa kwa vielelezo vingine vingi, na hakuna mtaalamu makini anayedhani kwamba mnyama mmoja kabatini anaeleza spishi nzima. Kuna maswali mawili yanayopaswa kutenganishwa. Mipaka ya spishi ni swali la biolojia, na kila kizazi cha watafiti kina haki ya kulijibu upya. Jina ni la spishi ipi ni swali la kanuni, na hilo hujibiwa kwa kurudi kwenye kielelezo. Wanyama wana kanuni zao, zinazosimamiwa na Tume ya Kimataifa ya Majina ya Wanyama, na toleo linalotumika sasa, la nne, lilianza kazi tarehe 1 Januari 2000. Mimea, mwani na kuvu wana kanuni nyingine, ambazo hurekebishwa katika kongamano la kimataifa la botania.

Mwongoza watalii, Karatu: Wageni huniambia kwamba Australopithecus afarensis ni wa Ethiopia, kwa kuwa jina linatokana na Afar. Lakini nasikia kielelezo chenyewe ni cha Laetoli. Ukweli ni upi?

Uliyoyasikia ni kweli, na wageni wako wanastahili kuelezwa kisa kizima. Jina hili, la jamaa wa kale wa binadamu, lilitangazwa mwaka 1978 na Donald Johanson, Tim White na Yves Coppens. Visukuku vingi walivyovitumia vilitoka Hadar, katika eneo la Afar, ikiwemo mifupa maarufu ya Lucy iliyopatikana Novemba 1974. Hata hivyo, holotaipu waliyoichagua ni taya la chini lenye namba LH 4, lililopatikana Laetoli mwaka huohuo wa 1974 na timu ya Mary Leakey. Sababu waliyoitoa ilikuwa ya kitaaluma: taya hilo lilikuwa limekwisha kuelezwa na kuchorwa kwa ukamilifu katika chapisho la awali. Uamuzi huo pia uliyafunga makundi mawili, la Tanzania na la Ethiopia, chini ya jina moja. Mary Leakey hakukubaliana na jambo hilo, na hakutaka jina lake liwe miongoni mwa waandishi wa chapisho hilo.

Uzito wa uchaguzi huo unaonekana ukijiuliza swali moja. Visukuku vya Laetoli vina umri wa takriban miaka milioni 3.6 au zaidi, na Lucy ana takriban milioni 3.2. Ikiwa siku moja watafiti wataonyesha kwamba makundi hayo ni spishi mbili, jina afarensis litabaki Laetoli pamoja na LH 4, na Lucy, ambaye dunia nzima inamfahamu kwa jina hilo, atahitaji jina jingine. Kwamba neno lenyewe linataja Afar hakutasaidia chochote, kwa sababu kanuni haziangalii maana ya jina.

Kuna na tatizo la pili, ambalo halisimuliwi sana. Mwaka 1939 Ludwig Kohl-Larsen alipata kipande cha taya la juu katika eneo hilohilo la Laetoli, na mwaka 1950 Hans Weinert akakipa jina Meganthropus africanus. Watafiti walipokuja kukubaliana kwamba kipande hicho ni cha spishi moja na LH 4, jina la Weinert lilikuwa la zamani zaidi na lingeweza kudai haki ya kutangulia endapo spishi hiyo ingewekwa katika jenasi (kundi la spishi zinazokaribiana) yake yenyewe. Ndani ya Australopithecus halikuweza kutumika, kwa kuwa Raymond Dart alikwisha kulitumia neno africanus mwaka 1925 kwa spishi ya Afrika Kusini. Mwaka 1999 Tume ililiondolea jina la Weinert nguvu na kulilinda jina afarensis. Kwa maoni yangu uamuzi huo ulikuwa sahihi, kwa maana jina ambalo limeandikwa katika vitabu vya shule duniani kote halipaswi kuangushwa na kipande ambacho wachache walikikumbuka.

Mwalimu mstaafu, Voi: Majina ya wanyama ya Linnaeus ni ya mwaka 1758, kabla ya kanuni hizi. Vielelezo vyake vilichaguliwaje?

Havikuchaguliwa wakati huo. Linnaeus, Mswidi aliyeweka msingi wa majina haya ya kisayansi, aliandika maelezo mafupi, akataja vitabu vya waliomtangulia, na pengine alikuwa na vielelezo kadhaa vya asili mbalimbali. Vielelezo vyote ambavyo maelezo ya namna hiyo yalivitegemea huitwa sintaipu, na kwa pamoja ndivyo vinavyoshika jina. Ikigundulika kwamba ndani yake kuna spishi zaidi ya moja, mtafiti wa baadaye huchagua kimoja, ambacho kuanzia hapo huitwa lektotaipu, na vingine vyote hupoteza nguvu juu ya jina. Uchaguzi ukishachapishwa kwa kufuata kanuni, mwingine hawezi kuugeuza kwa sababu tu hakuupenda.

Kwa kuwa unaandika kutoka Voi, mfano unaokufaa ni wa tembo. Linnaeus alimpa tembo jina Elephas maximus bila kumtenganisha wa Asia na wa Afrika. Tembo wa Afrika alipata jina lake, africanus, kutoka kwa Blumenbach mwaka 1797, na Elephas maximus likabaki kwa tembo wa Asia. Kielelezo kilichojulikana zaidi cha Linnaeus kilikuwa kijusi cha tembo kilichohifadhiwa katika spiriti, kilichotoka kwenye mkusanyo wa Albertus Seba wa Amsterdam na ambacho sasa kipo katika jumba la makumbusho ya viumbe mjini Stockholm. Enrico Cappellini na wenzake walipokichunguza kwa protini na DNA, katika utafiti uliotoka mwishoni mwa mwaka 2013, walikuta kwamba ni cha tembo wa Afrika. Kama kijusi hicho kingechaguliwa kuwa lektotaipu, jina linalotumiwa kwa tembo wa Asia lingehamia kwa tembo wetu wa Tsavo, na sheria, vibali na vitabu vya nchi nyingi vingevurugika.

Njia ya kutokea ilipatikana kwa kusoma upya maandishi ya Linnaeus. Alikuwa amemtaja John Ray, Mwingereza aliyeeleza mifupa ya tembo aliyoiona Florence katika miaka ya 1660. Kwa kanuni, mnyama ambaye Linnaeus alimtegemea kupitia maelezo ya mtu mwingine naye huhesabiwa katika sintaipu. Mifupa hiyo bado ipo Florence, na uchunguzi ulithibitisha kwamba ni ya tembo wa Asia, kwa hiyo ikateuliwa kuwa lektotaipu. Inaelekea kuwa ni ya Hansken, tembo jike kutoka Ceylon, ambayo leo ni Sri Lanka, aliyezungushwa Ulaya kwa maonyesho, akachorwa na Rembrandt mwaka 1637 na kufa Florence mwaka 1655. Sijui kisa kingine kinachoonyesha vizuri kama hiki faida ya kutunza mifupa ya kale hata pale ambapo hakuna anayeona matumizi yake.

Mtumishi wa misitu, Lushoto: Nimesoma kwamba vielelezo vya mimea ya Usambara viliteketea Berlin. Majina yake yalipotea?

Hayakupotea, ingawa hasara ilikuwa kubwa mno. Jengo la hifadhi ya mimea mikavu la Berlin-Dahlem lilipigwa mabomu Machi 1943, na sehemu kubwa ya mkusanyo ikaungua, pamoja na vielelezo vya spishi nyingi zilizoelezwa wakati wa utawala wa Wajerumani huku kwetu, vikiwemo vya Carl Holst, aliyekusanya mimea Usambara katika miaka ya 1890. Kilichookoa majina mengi ni desturi ya wakusanyaji wa mimea ya kukata matawi kadhaa ya mmea uleule kwa wakati mmoja, kuyapa namba moja na kuyagawa kwa hifadhi mbalimbali. Nakala iliyopelekwa Kew, Uingereza, au kwingineko sasa inaweza kuteuliwa kuwa lektotaipu.

Pale ambapo hakuna chochote kilichosalia cha mwandishi wa kwanza, wala nakala wala mchoro, kanuni zinaruhusu kuteua neotaipu, yaani kielelezo kipya kinacholingana na maelezo ya awali. Kwa wanyama sharti ni kali zaidi: neotaipu haiteuliwi kwa ajili ya ukamilifu wa kumbukumbu tu, bali lazima pawepo utata halisi wa jina unaohitaji kutatuliwa, na mteuzi aonyeshe kwamba kielelezo kimetoka karibu iwezekanavyo na mahali pa awali. Wataalamu wa mimea wana na epitaipu, ambayo huteuliwa wakati kielelezo cha awali kipo lakini hakioneshi sifa inayotakiwa, mathalani hakina tunda. Kazi kubwa ya kurekebisha majina ya mimea yetu ilifanywa ndani ya mfululizo wa vitabu vya Flora of Tropical East Africa, ulioanza mwaka 1952 na kukamilika mwaka 2012.

Msomaji wa Tukuyu: Je, picha inatosha? Kipunji alipewa jina bila kuuawa.

Ndivyo ilivyokuwa. Mwaka 2005 kima huyu, ambaye Wanyakyusa walimfahamu kabla ya watafiti, alitangazwa kuwa spishi mpya akiwa na jina Lophocebus kipunji, na holotaipu ilikuwa mnyama hai aliyeonekana katika picha. Kanuni zinaruhusu, ila kwa mujibu wake kielelezo ni mnyama aliyepigwa picha, wala si ile karatasi. Watafiti waliona kwamba kumuua mnyama adimu namna hiyo si haki, nami nakubaliana nao. Lakini mwaka huohuo dume mchanga alinaswa katika mtego wa mkulima uliowekwa shambani mlimani Rungwe, na kwa kuchunguza fuvu na DNA yake wataalamu waliona kwamba kipunji yuko karibu zaidi na nyani wa jenasi Papio kuliko walivyodhani. Mwaka 2006 wakamwanzishia jenasi yake, Rungwecebus. Picha isingeweza kuonyesha hayo. Mwaka 2017 Tume iliongeza mapendekezo yanayomtaka mwandishi anayetumia kielelezo kisichohifadhiwa aeleze kwa kina kwa nini amefanya hivyo.

Mkulima wa miche, Naivasha: Kwa nini mgunga si Acacia tena?

Kwa sababu kielelezo cha jenasi kilibadilishwa, na hili ndilo swali lililoletwa kwa uchungu zaidi. Jenasi nayo hushikwa, ila hushikwa na spishi moja. Spishi iliyoshika jina Acacia ilikuwa mgunga wa Afrika na Asia, Acacia nilotica. Uchunguzi wa DNA ulipoonyesha kwamba kundi hilo kubwa lazima ligawanywe, kanuni ya kawaida ingeliacha jina kwa migunga yetu, na spishi za Australia, ambazo ni takriban 1,000, zingebadilishiwa jina. Mwaka 2003 lilitolewa pendekezo la kuihamisha nanga ya jina kwenda kwa spishi ya Australia, Acacia penninervis, ili mabadiliko yawe machache. Katika kongamano la Vienna mwaka 2005 takriban asilimia 55 ya kura zilipinga, lakini ilihitajika asilimia 60 ili kutengua maoni ya kamati ya wataalamu iliyokuwa imelikubali, kwa hivyo pendekezo likapita. Kongamano la Melbourne la mwaka 2011 liliuthibitisha uamuzi huo. Ndiyo maana mgunga wa magome ya manjano unaouona ziwani sasa ni Vachellia xanthophloea, na mti wa gundi ya Kiarabu ni Senegalia senegal.

Hoja ya idadi ina uzito na siidharau. Hata hivyo, utaratibu ambao wengi wanapinga na bado jambo linapita uliwaacha wataalamu wengi wa Afrika wakiona kwamba hawakutendewa haki, na ninaona walikuwa na sababu.

Mwanafunzi wa shahada ya pili, Arusha: Nikieleza mmea mpya, kielelezo nikiweke wapi?

Kwa mimea, tangu tarehe 1 Januari 1990 jina jipya la spishi halikubaliki bila kutaja hifadhi ambamo kielelezo kinatunzwa. Weka holotaipu katika hifadhi ya nchini, iwe ya Arusha, ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam au ya Lushoto, na upeleke nakala za namba hiyohiyo Nairobi, Kew na kwingine kunakochunguzwa familia ya mmea wako. Andika kwenye lebo namba yako ya ukusanyaji, tarehe, mahali kwa vipimo vya GPS na mwinuko, kwa wino usiofutika, kabla hujaondoka porini.