Tuonyesheni na zamu ya usiku

Mhariri, wiki hii mmetuuliza kama misukosuko ya madaktari kwenye tamthilia za hospitali ni ya kweli au ni chumvi tu. Mimi ni mkunga hapa Tanga, na jibu langu ni kwamba ya kazini ni ya kweli kuliko watu wanavyodhani. Chumvi iko kwenye mapenzi.

Chukueni ER, ile ya Marekani iliyoanza 1994 na kumalizika 2009. Aliyeibuni, Michael Crichton, alisomea udaktari, na inaonekana. Kuna sehemu ya mwaka 1995 ambayo hainitoki: Dk. Mark Greene anampokea mjamzito, anaona ni maambukizi ya kibofu, anamruhusu. Kumbe ni kifafa cha mimba. Wanahangaika naye kwa saa nyingi. Mtoto anapona, mama anafariki. Greene anaishia kulia peke yake kwenye treni.

Kifafa cha mimba tunakijua sisi wakunga. Presha inapanda, protini inaonekana kwenye mkojo, kichwa kinagonga, macho yanaona maluweluwe. Lakini mara nyingi mama mwenyewe husema ni uchovu tu wa mimba. Ndiyo maana sehemu ile naiamini.

Nimewahi kumwona daktari kijana, yuko kwenye mwaka wake wa mafunzo kwa vitendo, muda mfupi baada ya kumpoteza mgonjwa aliyekuja kujifungua. Ilikuwa saa tisa usiku. Yuko kwenye sinki ananawa mikono, ananawa tu, glovu alishazivua kitambo. Nje mama mkwe wa marehemu kakumbatia khanga za kumpokelea mtoto. Ikabidi nimwite: "Dokta, wa kitanda cha nne damu haikati." Akafunga bomba, akaja, akashona kwa utulivu. Nafasi ya kulia hakuipata, zamu ilikuwa bado inaendelea.

Ya nyumbani nayo yapo, ila si ya kufumaniana. Ni daktari kupangiwa Kilindi huku mkewe akifundisha Muheza, watoto wakimjua baba kwa sauti ya simu. Hilo kwenye televisheni sijaliona, na linavunja nyumba za watu.

Atakayetunga tamthilia ya hospitali ya kwetu, namwomba aje wodi ya wazazi asubuhi tunapokabidhiana zamu, asikilize ripoti ya usiku mpaka mwisho. Na wauguzi awape maneno ya kusema. Nyingi ninazozitazama, tunapita tu nyuma tumebeba trei.