Sauti mbovu, picha safi

SWALI: Natengeneza filamu fupi peke yangu: naandika, naongoza, nashika kamera, nahariri. Picha zinatoka safi, sauti mbovu. Kazi ipi nimwachie mwingine?

JIBU: Sauti, bila kusita. Jicho likiwa kwenye kamera, husikii feni wala nguo inayokwaruza maikrofoni; unakuja kugundua wakati wa kuhariri, na hapo kelele ni vigumu kuifuta bila kuharibu maneno. Tafuta mtu avae hedifoni na kushika maikrofoni juu ya mwigizaji, nje kidogo ya fremu. Kwenye mita ya kinasa sauti, vilele vya sauti (pale inapopanda juu kabisa) visizidi desibeli -6. Vikigonga 0, ndio mwisho wa mita, sauti imepasuka. Kabla ya kuhama, rekodini sekunde 30 za ukimya wa chumba hichohicho, za kuzibia mapengo ya sauti wakati wa kuhariri. Uhariri baki nao, ila pumzika wiki kwanza: mpiga picha huionea huruma shoti iliyomtesa, hata isipofaa.