Vichochoro vya vioo vya Paris: wapi umlipe mwongozaji, wapi utembee mwenyewe

Ukija Paris kati ya Novemba na Machi, rasharasha itakupata tu, na ule mpango wako wa kutembea kando ya mto Seine utaishia kwenye mkahawa wa kwanza utakaouona. Wageni wangu wa msimu huo mimi huwapeleka kwenye pasaji, yaani vichochoro vya maduka vilivyoezekwa vioo, vinavyopenya katikati ya majengo kutoka mtaa mmoja hadi mwingine. Zimebaki kama 20, karibu zote upande wa kulia wa mto, na za zamani zaidi zilikuwapo kabla Napoleon hajajivika taji. Kuingia ni bure. Ndiyo maana kila mgeni huniuliza: kama ni bure, nimlipe mtu anitembeze kwa lipi?

Jibu langu ni kwamba mlipe, lakini kwa nusu ya matembezi. Kuna pasaji ambazo bila msimulizi utaona sakafu nzuri na bei za kutisha, basi. Na kuna nyingine ambazo waongozaji wengi hawazigusi kabisa, ilhali ndizo zenye biashara inayochemka mpaka leo. Hizo nenda kwa miguu yako na macho yako.

Kwanza ujue zilitoka wapi. Paris ya mwaka 1800 ilikuwa jiji la matope. Mitaa mingi haikuwa na njia ya waenda kwa miguu, maji machafu yalipita katikati ya barabara, na magari ya farasi hayakumsubiri mtu. Mama mwenye gauni refu na pesa za kutumia hakuwa na pa kuzurura. Wakati huohuo Mapinduzi ya Ufaransa yalikuwa yametaifisha mali ya Kanisa na ya makabaila waliokimbia, viwanja vikubwa katikati ya jiji vikaingia sokoni, na wenye pesa wakavidaka. Mtu mwenye kiwanja kirefu kati ya mitaa miwili alipiga hesabu: nikikipasua katikati, nikapanga maduka kulia na kushoto, juu nikaezeka kioo, kila hatua italipa kodi. Pasaji ni mradi wa mwenye nyumba tangu siku ya kwanza. Hata leo nyingi ni mali binafsi, ndiyo sababu zina mageti yanayofungwa usiku.

Mwongozaji anayejua kazi ataanza na habari hiyo ya viwanja na matope. Akianza na nani alipendana na nani, jiandae kwa saa mbili za umbea.

Sasa, namna ya kumchagua. Ufaransa ina kadi ya kitaaluma ya waongozaji, inaitwa guide-conférencier, na mwenye nayo hukutajia bila kuona haya. Hiyo peke yake haitoshi, kwa hiyo mwandikie kabla ya kulipa, umuulize mambo mawili: mnapita pasaji zipi, na kundi lina watu wangapi? Hili la pili ndilo linaloharibu matembezi mengi. Pasaji nyingi zina upana wa mita tatu au nne. Watu 25 wakisimama humo, wa nyuma hawasikii kitu, mwenye duka ananuna kwa sababu mlango wake umezibwa, na mpita njia anawapiga vikumbo. Niliwahi kwenda na wifi yangu kwenye kundi la namna hiyo, la yale matembezi yanayoitwa ya bure, ambapo mwishoni unatoa bakshishi unayoona inafaa. Kijana alikuwa mcheshi, lakini sisi tuliokuwa nyuma tuliishia kusoma bei za pochi. Kundi la watu kumi linatosha kabisa, na kama ni kubwa zaidi, hakikisheni mnapewa vile visikilizio vya masikioni.

Kama unaleta wazazi, mchukue mwongozaji binafsi. Wengi hutoza kwa kundi zima na si kwa kichwa, kwa hiyo mkiwa watano au sita mnagawana na hampishani sana na bei ya kundi la wageni. Faida kubwa ni lugha. Matembezi haya huwa ni ya Kifaransa au Kiingereza. Mama mkubwa alipokuja kutoka Tanga nilikuwa namfasiria, na hilo haliwezekani kwenye kundi la watu wengine wanaotaka kusonga. Mweleze mwongozaji mapema kwamba utafasiri, asimulie kwa vipande vifupi. Mwambie pia kuhusu magoti ya mzee, maana Galerie Vivienne na Passage Jouffroy, pasaji mbili za njia nitakayoieleza, zote zina ngazi ndani, na mahali pa kukaa bila kuagiza kahawa ni pachache.

Siku nzuri ni Jumanne hadi Jumamosi, asubuhi ya saa nne au saa tano. Jumapili maduka mengi hufungwa, mengine na Jumatatu pia, na Galerie Véro-Dodat Jumapili yenyewe haifunguliwi.

Njia ninayoipenda huanzia hapohapo Véro-Dodat, karibu na jumba la makumbusho la Louvre, kituo cha metro cha Palais Royal. Ilijengwa 1826 na wauza nyama ya nguruwe wawili, bwana Véro na bwana Dodat, ambao walikuwa na pesa na hawakuwa na haya ya kuandika majina yao mlangoni. Simama kwenye mwanzo wake uangalie sakafu: vigae vyeusi na vyeupe vimelazwa kimshazari, na pasaji yenye urefu wa mita 80 inaonekana ndefu zaidi ya ilivyo. Hiyo ni hila ya biashara. Mteja anayeona njia ndefu mbele yake huendelea kutembea. Mwongozaji asipokuonyesha hili, mkumbushe.

Kutoka hapo mnakata bustani ya Palais-Royal kwenda Galerie Vivienne, na hapa ndipo fedha ya mwongozaji inapojilipa. Iliagizwa na Marchoux, rais wa chama cha mawakili wathibitishaji hati, ikafunguliwa 1826. Sakafu ya vijiwe vya rangi ni kazi ya fundi wa Kiitaliano, Giandomenico Facchina, na kila mtu huinama kuipiga picha. Wewe inua macho. Kuta zimechongwa nanga, masuke ya ngano na ile fimbo ya Mercury, mungu wa wafanyabiashara: yote ni maombi ya mwenye nyumba ili wapangaji wauze na kodi iingie. Kwenye namba 13 kuna ngazi ya kupanda kwenye makazi yanayosimuliwa kuwa ya Vidocq, mhalifu aliyegeuka kuwa mkuu wa wapelelezi wa Paris. Duka la vitabu la Jousseaume limekuwapo tangu pasaji ilipofunguliwa. Halafu muulize mwongozaji jinsi pasaji hii ilivyofufuka, maana katikati ya karne iliyopita ilikuwa imechakaa vibaya. Mbunifu wa mavazi wa Kijapani Kenzo alifungua duka lake la kwanza humo 1970, kwa kuwa kodi ilikuwa ya chini, na Jean Paul Gaultier akafuata 1986. Leo kodi ya chini humo utaisikia kwenye simulizi tu.

Mlango wa pili ni Galerie Colbert, nayo ya 1826, iliyojengwa kumpora jirani wateja. Haikufanikiwa. Siku hizi ni ya wasomi wa historia ya sanaa, haina hata duka moja, na mlinzi anaweza kukukagua mfuko. Ingieni mkaone ukumbi wa mviringo wenye kuba la kioo, ila mjue kwamba sehemu kubwa ya mnachokishangaa ilijengwa upya miaka ya 1980. Waongozaji wengine hilo hulimeza.

Kisha Passage des Panoramas, ya mwaka 1800, ninayoipenda kuliko zote za kundi hili kwa sababu haijasafishwa kupita kiasi. Jina limetokana na majengo mawili ya mviringo yaliyosimama kwenye mlango wake, yenye picha kubwa za miji zilizomzunguka mtazamaji pande zote. Watu walilipa kuingia kuziona, wakitoka wanapita mbele ya maduka. Majengo yale yalibomolewa 1831, jina likabaki. Hapa pia taa za gesi ziliwashwa karibu mwaka 1817, wakati mitaa ya jiji ilikuwa bado na taa za mafuta, na umati ulikuja kutazama mwanga tu. Wauza stempu na sarafu za kale bado wapo, wakibanana na migahawa inayoongezeka kila mwaka. Kuna kadi za posta za zamani ndani ya maboksi, na ukiuliza za Afrika Mashariki mzee anayeziuza anajua ziko wapi. Usimwambie mapema kwamba unatoka huko, bei itapanda.

Ukivuka barabara unaingia Passage Jouffroy, ya miaka ya 1840, ambayo ilikuwa ya kwanza kujengwa kwa chuma na kioo mwili mzima na ya kwanza kupashwa joto kutoka chini ya sakafu. Humo kuna mlango wa kutokea wa Grévin, makumbusho ya sanamu za nta, hivyo watoto hujaa. Mbele yake ni Verdeau, ya vitabu vikuukuu na picha, iliyo karibu na nyumba ya minada ya Drouot. Matembezi mengi huishia hapo. Mshukuru mwongozaji, mpe chake, muagane.

Choo kiulize kabla hujafika huku. Vile vibanda vya kijivu vya mitaani ni bure.

Nusu ya pili ni yako. Kutoka Verdeau tembea kama dakika 20 kuelekea mashariki na kusini hadi Place du Caire, au panda metro ushuke Sentier. Juu ya mlango wa Passage du Caire utakutana na vichwa vitatu vya mungu wa Kimisri, Hathor, mwenye masikio ya ng'ombe. Mwaka 1798 jeshi la Napoleon liliingia Kairo, Paris ikapandwa na wazimu wa Misri, na pasaji iliyokuwa ikijengwa mwaka huohuo kwenye kiwanja cha watawa wa Filles-Dieu ikapewa jina la mji uliotekwa. Mitaa ya jirani inaitwa Mto Nile na Aboukir, mahali pengine pa Misri. Mimi Mwafrika napita hapo nikicheka kidogo: wanajeshi walifukuzwa Misri baada ya miaka mitatu, majina yamekaa zaidi ya miaka 200.

Ukijumlisha matawi yake yote, hii ndiyo ndefu kuliko zote, kama mita 370, na ndani yake ni Kariakoo tupu: nguo za jumla, midoli ya kuvalishia nguo isiyo na vichwa, vitundikio, vibandiko vya bei, mafurushi, mikokoteni ya mkono, mtu anapiga simu kwa Kichina na mwingine kwa Kiarabu. Paa limetiwa viraka. Hakuna mkahawa wa kupendeza. Maduka mengi yanauza kwa jumla tu, kwa hiyo usimvutie mtu nguo mkononi ukitaka moja. Lakini ukitaka kuelewa wale wenye nyumba wa mwaka 1800 walikuwa wanafikiria nini, simama hapa robo saa, uangalie bidhaa zinavyoingia mtaa huu na kutokea mtaa ule bila kuloa. Ubovu wa waongozaji wengi ni kuzungumzia pasaji kama marehemu. Hii haijafa, imeacha tu kuwa nzuri.

Passage du Grand-Cerf, karibu na kituo cha Étienne Marcel, ina paa refu la kupendeza. Pitia ukipata nafasi, usijilaumu ukikosa.

Malizia Passage Brady, kwenye mtaa wa Faubourg Saint-Denis. Ilifunguliwa 1828, Boulevard de Strasbourg ikaikata vipande viwili miaka ya 1850, na tangu miaka ya 1970 kipande chenye paa kimekuwa cha Wahindi na Wapakistani. Iliki, mdalasini, bizari, majani ya mchuzi, unga wa dengu: mtu wa pwani hahitaji kutembezwa humo. Wahudumu watakuita kutoka kila mlango wa mgahawa. Usikae kwa aliyekuita kwa sauti kubwa zaidi. Tembea mpaka mwisho kwanza, uone wapi wenyewe wanakula. Biriani huwa ya kawaida, ila sambusa za moto na chai ya maziwa mchana wa mvua hazijawahi kuniangusha. Viungo nunua dukani, vifurushi vikubwa, ni nafuu kuliko sokoni kwenye mtaa ninaokaa.

Ukitoka upande wa Boulevard de Strasbourg upo hatua chache kutoka metro ya Château d'Eau, mahali penye saluni nyingi za Kiafrika. Vijana watawafuata akina dada mpaka kwenye ngazi za kituo wakiuliza kama mnasuka leo. Kama hutaki, sema hapana mara moja na usisimame. Kama unataka, patana bei ukiwa bado umesimama, na uulize kama rasta zimo ndani ya bei hiyo.